Studio ya ghorofani Nakuru: walifuta kovu la mume wangu, kisha wakalirudisha

Nianze na bei, maana najua anayetafuta studio ya picha za familia huulizia hilo kwanza. Tulilipa shilingi 3,500 kwa saa moja, picha tano zilizohaririwa na moja kubwa ya ukutani. Fremu ni pesa nyingine, 2,200. Unatanguliza elfu moja kwa M-Pesa ndipo wakuandike. Studio iko ghorofa ya pili kwenye jengo la zamani katikati ya Nakuru, mwendo mfupi kutoka stendi ya matatu. Ngazi ni nyembamba na upande mmoja hazina pa kushika, kwa hiyo mwenye mzazi wa magoti mabovu afike mapema apande polepole. Jina la studio nimeliacha kwa makusudi. Nina sifa za kuwapa na nina lawama, na wale vijana wawili wanaoiendesha ndio kwanza wanajijenga.

Tulikwenda Agosti 2025, Jumapili baada ya ibada. Tulikuwa sita: mimi, mume wangu, watoto wetu watatu, na mama mkwe aliyetoka Kakamega kwa matatu ya alfajiri kwa ajili ya hiyo picha tu. Ilikuwa mara ya kwanza sote sita kusimama mbele ya kamera moja.

Mimi ni fundi wa nguo, nina kibanda Free Area. Ukikaa Free Area, kambi ya Lanet si habari ya mbali, na wateja wangu wengi miaka hii yote wamekuwa wake wa wanajeshi. Mume wangu naye alikuwa mwanajeshi hadi alipostaafu kwa sababu za afya mwaka 2021. Nayasema haya mapema kwa sababu bila hayo hamtaelewa kwa nini nimeandika maneno mengi kuhusu studio ya picha.

Sebuleni kwetu kulikuwa na picha nne, na kila moja ina pengo. Ya kwanza ni ya Septemba 2011: mume wangu, mimi, na kifungua mimba wetu akiwa na miaka miwili, ameshika biskuti. Mwezi uliofuata, Oktoba 2011, majeshi yetu yalivuka mpaka kuingia Somalia, Operesheni Linda Nchi. Sisi wake tuliambizana kwamba ni jambo la wiki chache, Krismasi watakuwa nyumbani. Mwaka 2012 wakawekwa chini ya AMISOM, ujumbe wa Umoja wa Afrika, na mwishoni mwa Septemba mwaka huo wakaingia Kismayu. Aprili 2022 ujumbe ukaitwa ATMIS. Januari 2025 ukaitwa AUSSOM. Majina yamebadilika hivyo, na yule mtoto wa biskuti sasa yuko kidato cha tatu na ananizidi kimo.

Picha ya pili ndiyo iliyonifanya nitafute studio nzuri. Mtoto wetu wa pili alizaliwa 2012 baba yake akiwa huko. Nilikwenda studio moja ya mtaani nikiwa na kifungua mimba, kichanga na picha ya harusi, nikawaomba wamtoe baba kwenye harusi wamweke nyuma yangu. Wakambandika. Mimi nimemulikwa kutoka kushoto, yeye kutoka kulia, na viatu vyake havigusi sakafu. Wakati ule sikuyaona hayo. Niliona tu kwamba tuko wanne. Nikaitundika, nikampigia picha kwa simu nikamtumia, naye akajibu siku tatu baadaye: "Nimeonekana vizuri." Miaka 13 hiyo ndiyo picha aliyoitazama kila mgeni aliyeingia kwangu, na mtoto wa pili alikua akiamini kwamba baba yake alikuwepo siku hiyo. Alipofika miaka tisa ndipo aliponiuliza kwa nini Baba anaelea.

Sasa niwaambie kuhusu daftari langu, kwa sababu ndilo lililotufikisha studio. Kila mteja wangu ana ukurasa wake, na vipimo vyote nimeviandika kwa mkono, inchi kwa inchi. Mume wangu yuko ukurasa wa kwanza. Septemba 2011, kabla hajaondoka: kifua 41, kiuno 34, shingo 16. Aliporudi 2013: kifua 38, kiuno 31, shingo 15. Nikafikiri ni chakula na joto, nikampikia. Mwaka huo nilipunguza viuno vya suruali kuliko mwaka wowote wa kazi yangu. Walikuwa wakija wake wa wanajeshi na suruali zimekunjwa kwenye mfuko, wanasema, "Mama, mpunguzie Baba Fulani hapa," na tunaangaliana, hakuna anayeuliza zaidi. Aliporudi mara ya pili, 2016: kifua 37, kiuno 30, shingo 15.

Kuhusu huo mwaka 2016 lazima niseme kidogo. Ijumaa tarehe 15 Januari kambi ya wanajeshi wetu ya El Adde, kule Gedo, ilishambuliwa alfajiri. Nilisikia redioni nikiwa kibandani naweka zipu. Wengi waliokuwa pale walitoka kikosi cha tisa cha Kenya Rifles, wa Eldoret. Mume wangu hakuwa El Adde, alikuwa kambi nyingine, lakini mimi sikulijua hilo kwa siku sita. Siku sita nilishona. Nilishona hata nguo ambazo hazijaletwa kushonwa, vitambaa vilivyobaki, mito, mifuko ya unga, kwa sababu mguu ukitulia kwenye kanyagio la cherehani nilikuwa nasikia moyo. Siku ya sita ikaingia namba inayoanza na 252, ya Somalia. Akasema, "Niko." Simu ikakatika. Tarehe 27 Januari kulikuwa na ibada ya kumbukumbu Moi Barracks, Eldoret. Rais Uhuru Kenyatta alikuwepo, pamoja na Hassan Sheikh Mohamud wa Somalia na Muhammadu Buhari wa Nigeria. Niliitazama kwenye runinga ya jirani. Kati ya wale waliokufa alikuwamo mtu ambaye mume wangu alipitia naye mafunzo ya kuruta hapohapo Eldoret, na ambaye shati lake la harusi nililishona mimi. Ukurasa wake ungali kwenye daftari. Mwaka mmoja kamili baada ya ibada hiyo, Januari 27, 2017, ikaja Kulbiyow, kambi yetu nyingine huko Somalia iliyoshambuliwa.

Mara ya tatu alikwenda 2018. Alirudi 2019 na kovu kwenye taya. Bomu lilitegwa barabarani, gari likainuka. Sikio la kushoto halisikii tena. Nilipotaka kumpima, kifua kilipimika, kiuno kilipimika. Nilipopitisha utepe shingoni, alinishika kifundo cha mkono kwa nguvu ambayo sikuijua, akanitazama kana kwamba mimi ni mtu mwingine. Kisha akaniachilia, akatoka nje akakaa kwenye tofali hadi giza likaingia. Katika daftari, mwaka 2019: kifua 37, kiuno 30, shingo hakuna. Mwaka 2021, shingo hakuna. 2023, hakuna. Mashati yake yote tangu hapo nimeyashona kwa kukisia kola.

Kwa hiyo mama mkwe alipoanza kusema kwamba anataka picha moja ya familia nzima kabla hajafa, nilizunguka studio kadhaa. Hii ya ghorofani niliichagua kwa jambo dogo. Siku niliyokwenda kuulizia bei, mzee mmoja alikuwa kaunta na simu yake. Binti yake ni polisi, amekwenda Haiti, na mzee alitaka picha iliyonaswa wakati wa simu ya video ikuzwe iwe ya ukutani. Kijana aliitazama kwa makini, kisha akamwambia ukweli: "Mzee, nikiikuza hivi uso utavunjika vipande, na utalipa pesa ya bure. Mwambie apige moja akiwa ametulia, mchana kwao, aitume bila kuipunguza." Akamwandikia kwenye karatasi kwamba ikiwa kwetu ni saa mbili usiku, kule ni saa saba mchana. Hakumtoza chochote. Aliniambia kuwa tangu Juni 2024, kundi la kwanza la polisi wetu lilipoondoka kwenda Haiti, familia za namna hiyo humjia, wengine kabla ya safari, wengine baada. Nikalipa elfu moja palepale.

Siku yenyewe ilianza vibaya. Mama mkwe, kwa fahari ya mama, aliwatangazia kwamba mwanawe alikuwa jeshini, na yule kijana wa pili, msaidizi, akasema basi apige saluti, itapendeza. Mume wangu akasema, "Hapana." Neno moja tu, lakini chumba kilipoa. Hilo ni la kwanza la kuwalaumu. Mtu asipojileta na sare, msimvishe kwa maneno.

La pili: hawakuuliza kama kuna mtu asiyesikia. Mpiga picha alikuwa upande wa kushoto wa mume wangu akimwambia, "Mzee, inua kidevu kidogo," mara tatu, na mume wangu hakuitikia. Nikaona kijana anaanza kudhani anadharauliwa. Nilimnong'oneza, na hapo nikampenda, kwa sababu hakusema "pole" ya kumfanya mtu ajione kilema. Alihamisha stendi ya kamera upande wa kulia na kuendelea kama vile taa ndiyo iliyotaka hivyo.

Flashi ya kwanza ilipomulika, mume wangu alifumba macho na mkono wake wa kulia ukashuka kiunoni, pale ambapo siku hizi hakuna kitu. Ya pili, hivyohivyo. Nilikuwa nataka kusema tuache. Na wakati huohuo, chumba cha pili, ambako walikuwa wakimpiga mtoto picha za siku ya kuzaliwa, puto likapasuka.

Kabla sijajua ni nini kimelia, mume wangu alikuwa sakafuni. Alikuwa amemvuta kitinda mimba wetu, wa miaka mitano, akamlalia, mgongo wake kwa mlango. Hakupiga kelele. Mtoto naye hakulia, alikuwa amezoea. Hilo la mtoto kuzoea ndilo lililoniuma kuliko lile la puto. Gauni lake la njano, nililolimaliza saa sita usiku wa kuamkia siku hiyo, lilichanika begani kwenye mshono.

Hapa ndipo ninapotaka wasomaji wanisikilize, kwa sababu hii ndiyo sababu nawapendekeza vijana hawa. Yule mpiga picha hakucheka, wala hakuuliza kuna nini. Alizima muziki. Akatoka, akafunga mlango nyuma yake, nikamsikia akizungumza kwa upole na watu wa chumba cha pili, kisha nikasikia maputo yakitolewa, yanasuguana ukutani kwenye ujia. Aliporudi hakusimama juu yetu. Aliketi sakafuni, hatua mbili kutoka kwa mume wangu, kamera imelala mapajani, akasema, "Mzee, hakuna haraka. Leo sina mteja mwingine." Nje, kwenye benchi, palikuwa na familia mbili zinangoja zamu.

Walikaa hivyo labda dakika kumi. Mama mkwe alikuwa ameshika ukingo wa kiti na macho yake yametazama dirishani. Watoto wakubwa walisimama ukutani. Mimi nilimwondoa mtoto chini ya baba yake polepole, nikampandisha mezani, nikafunga bega la gauni kwa pini tatu nilizokuwa nazo kwenye kola yangu. Fundi hutembea na pini. Nilipomaliza ya tatu, nikasikia mume wangu akimuuliza kijana, "Hiyo kamera ni ya kampuni gani?" Wakaongea kuhusu kamera. Waliongea kuhusu betri. Kijana akampa aishike.

Kisha akafungua pazia la dirisha kubwa linalotazama magharibi na kuzima taa zote, hata zile za dari. Ilikuwa saa kumi jioni. Mnajua jua la Nakuru saa hizo likipita kwenye vumbi: linaingia limelala, rangi ya chai ya maziwa, halimchomi mtu macho. Akachukua kamera nyingine ndogo isiyotoa mlio wowote. Akatuambia tukae tunavyokaa nyumbani. Mama mkwe katikati, mimi kulia kwake, mume wangu kushoto, kijana wetu nyuma, mtoto wa pili sakafuni, kitinda mimba kwenye goti la baba. Hatukujua alikuwa ameshaanza kupiga. Katika picha tuliyoichagua hakuna anayetazama kamera isipokuwa mama mkwe. Mume wangu anazitazama zile pini begani kwa mtoto.

Hivyo kwa siku yenyewe, kwa ule utu na mwanga ule wa dirisha, sina la kuongeza. Mwenye mzazi, mume, kaka au dada aliyerudi kutoka kazi za namna hiyo, au mtoto asiyestahimili mwanga mkali, aombe picha za dirishani, saa tisa na nusu hadi kumi na moja, na aseme mapema kwamba hataki flashi. Bei ni ileile.

Lawama kubwa inakuja kwenye uhariri.

Walituahidi Jumatano, picha zikaja Jumamosi. Kuchelewa huko kunavumilika. Nilizifungua kwenye simu nikiwa jikoni, nikafurahi, kisha nikakuza uso wa mume wangu kwa vidole viwili, nikaona taya tupu. Kovu lake linaanzia chini ya sikio la kushoto, linashuka hadi karibu na kidevu, limeinuka kidogo katikati kama mshono uliovutwa uzi kupita kiasi. Nimelipaka mafuta kwa miaka sita, nalijua hata gizani. Kwenye picha halikuwepo. Ngozi yake ilikuwa laini kama ya kijana wa tangazo la sabuni. Na mama mkwe walikuwa wamemtoa mikunjo yote ya paji la uso na kumfanya mweupe kuliko mimi.

Niliwaita watoto. Kijana wetu aliinamia simu, akanyamaza, halafu akasema, "Hivi ndivyo ninavyomkumbuka." Alikuwa na miaka tisa baba yake alipoondoka mara ya mwisho. Kitinda mimba, ambaye alizaliwa baada ya kovu na hajui uso mwingine, akatafuta kwenye kioo cha simu, akaniuliza, "Baba yuko wapi?" Nikamwonyesha. Akasema, "Huyu si Baba."

Mume wangu alichukua simu akaenda nayo mlangoni kwenye mwanga. Alisimama pale muda mrefu. Nilidhani amefurahi, na sehemu yangu ilitaka awe amefurahi. Aliporudi akaniwekea simu mkononi, akasema, "Waambie walirudishe kovu. Wale wawili niliokuwa nao ndani ya gari hawana hata sura ya kufutwa." Kisha akaenda kumwaga maji ya kuku. Katika miaka sita hiyo ndiyo sentensi ndefu kuliko zote aliyonipa kuhusu siku ile. Sikuwa nikijua kwamba walikuwa wawili.

Nilimpigia mpiga picha nikiwa na hasira, na sitaificha. Alieleza kwamba programu wanayotumia hulainisha ngozi yenyewe, na kwamba wateja wengi hulalamika wasipolainishwa. Nakubali. Lakini nilimwambia, na naliandika hapa ili wenye studio nyingine walione: muulizeni mtu kabla hamjamfuta kitu mwilini. Chunusi inakuja na kuondoka, iondoeni. Kovu, jicho lililopofuka, kidole kilichokatika, pengo la jino, ulizeni kwanza. Inachukua nusu dakika mtu akiwa bado kwenye kiti. Kijana alinisikiliza hadi mwisho bila kunikatiza. Akarudia picha zote tano bila malipo, zikafika baada ya siku mbili, kovu limerudi, mikunjo ya mama mkwe imerudi, na zile pini tatu za begani amezibakisha, zinang'aa kidogo kwenye ule mwanga. Siku hizi, anavyoniambia, kwenye fomu ya kuandikisha ameongeza mstari wa kuuliza mteja kitu gani kisiguswe.

Ile ya kwanza, isiyo na kovu, bado iko kwenye simu yangu. Kijana wetu ameiweka kwenye kioo cha simu yake, na baba yake ameiona, hajasema kitu. Mimi huifungua mara mojamoja kibandani wateja wakipungua. Namtazama mtu aliyeondoka Oktoba ile, jinsi ambavyo angezeeka. Sijamwambia yeyote, nawaambia ninyi. Sijaona sababu ya kuifuta.

Kuhusu fremu: ni nzuri, mbao ngumu, pembe zimekutana sawasawa, nami najua pembe. Lakini chukua isiyo na kioo. Sisi tulichukua ya kioo tukaitundika kwenye ukuta unaotazamana na dirisha la barabarani. Usiku pikipiki ikipita, taa yake inaigonga picha, inaruka ukutani kama mtu ameingia. Usiku wa pili nilimkuta mume wangu sebuleni saa nane, amesimama kando ya mlango, mgongo ukutani. Kesho yake niliirudisha. Waliichapisha upya kwenye kitambaa, wakanitoza shilingi 800 zaidi, na sasa haing'ai. Wangenishauri hivyo tangu mwanzo ningeokoa pesa hiyo na usiku ule, ingawa sioni wangejuaje.

Ile ya 2012, ya viatu vinavyoelea, nilitaka kuitoa ukutani ili mpya ikae mahali pake. Mume wangu amekataa. Amesema hiyo ndiyo picha aliyokuwa akiitazama kila usiku kwenye simu kule, mpaka simu ilipoharibika. Kwa hiyo zote mbili ziko, moja juu ya nyingine.

Kama ni nyota, nawapa nne kati ya tano. Ya tano nimeizuia kwa sababu ya kovu na saluti. Mhudumu wa simu hupokea haraka, Jumapili wanafungua saa nane mchana, choo ni kisafi, maji ya kunywa yapo. Usiegeshe gari upande wa chini wa barabara, utafungwa mnyororo.

Desemba tutarudi. Kijana wetu atakuwa amefunga shule, na mama mkwe anataka nyingine, safari hii akiwa na kitenge kipya. Mume wangu alisema suti ya zamani haimkai, nimshonee nyingine. Wiki iliyopita usiku, watoto wakiwa wamelala, alikuja kibandani mwenyewe akasimama katikati, akavua shati. Nikapima kifua, 38. Kiuno, 32. Nikaandika, nikaanza kukunja utepe. Akauchukua ule utepe mkononi mwangu, akauzungusha mwenyewe polepole, akashika ncha mbili chini ya koo kwa vidole vyake, macho yamefumbwa, akaniambia, "Soma." Niliinama nikasoma. Shingo, 15 na nusu.